Unaandika, unaongoza: filamu fupi ya kwanza kutoka kwenye karatasi hadi kwenye tamasha

Anayetaka kuandika na kuongoza filamu zake mwenyewe huanza na maswali yaleyale. Ninunue kamera gani? Nianze na fupi au ndefu? Nikishamaliza, naipeleka wapi? Kwa kifupi: usinunue kamera bado, anza na fupi, na pa kuipeleka pachaguliwe kabla hujapiga hata shoti moja. Kwa kirefu ni haya yafuatayo.

Jambo moja litarudi karibu kila hatua. Kwenye filamu kubwa mwandishi, mwongozaji na mtayarishaji ni watu watatu, na kila mmoja ana nguvu ya kumwambia mwenzake hapana. Wewe unayeandika, unayeongoza na mara nyingi unayelipa, huna wa kukukatalia. Sini (kipande cha hadithi kinachotokea mahali pamoja) mbovu inapita kwa sababu aliyeiandika ndiye anayeipiga, kisha ndiye anayekaa kuihariri akiitetea. Kwa hiyo sehemu kubwa ya kazi yako ni kuitafuta hiyo "hapana" mapema, ikiwa bado haijagharimu kitu.

Unachohitaji kabla ya kuanza

- Muswada wa kurasa 5 hadi 10. Si wazo, si muhtasari.
- Watu watano wa kazi, mbali na waigizaji: mpiga picha, mtu wa sauti, mwongozaji msaidizi wa kushika saa, mtu wa mwendelezo (anayehakikisha nguo na vitu havibadiliki kati ya shoti na shoti), na mmoja wa maleba na vipodozi.
- Kamera yoyote inayokuruhusu kupanga mwenyewe shata (muda wa kuingiza mwanga kwa kila fremu), ISO (wepesi wa kamera kuhisi mwanga) na mizani ya weupe (rangi ya mwanga). Simu yenye programu inayotoa mamlaka hayo inatosha.
- Maiki ndefu ya kushikwa kwenye fimbo, maiki mbili ndogo za kubana kwenye nguo, kirekodi, na hedifoni zinazofunika masikio yote.
- Stendi ya miguu mitatu, taa moja ya LED yenye nguvu, ubao mweupe wa kurudisha mwanga, na kitambaa kizito cheusi cha kuuzuia.
- Diski mbili angalau. Moja si akiba, ni bahati nasibu.
- Fomu za ridhaa za waigizaji na za wenye maeneo, zimechapwa tayari.
- Chakula cha watu wote kwa siku zote.

Fedha zikiwa chache, zitangulie kwenye sauti na chakula, picha ifuate. Mtazamaji huvumilia picha yenye chembechembe, lakini maneno yasiposikika anaondoka. Na wanaofanya kazi bila malipo au kwa malipo madogo huvumilia mengi isipokuwa njaa.

Hatua kwa hatua

1. Orodhesha ulivyonavyo, kisha andika. Chukua karatasi uandike maeneo unayoweza kuyapata bila kulipia, watu wanaoweza kuigiza, na vitu vyenye sura ya kipekee unavyoweza kuazima. Hadithi itoke humo. Lenga maeneo mawili yaliyo jirani na waigizaji wawili au watatu. Kila kuhama eneo kunakula saa moja hadi mbili, kati ya kufungasha, kusafiri na kupanga upya. Kwa filamu ya kwanza epuka watoto wadogo, wanyama, umati, mvua, mazungumzo ndani ya gari linalokwenda, na usiku wa nje. Usiku wa nje ndio mtego mkubwa: kwenye karatasi ni neno moja, uwanjani ni taa nyingi, nyaya ndefu na watu waliochoka.

2. Andika kwa umbizo linalopimika. Herufi ni Courier ukubwa wa 12. Si pambo: kila herufi ya Courier ina upana sawa, ndiyo maana ukurasa mmoja hukaribia dakika moja ya filamu. Kila sini ianze na kichwa chenye mambo matatu: NDANI au NJE, mahali, MCHANA au USIKU. Andika kinachoonekana na kinachosikika tu. "Anakumbuka alivyosalitiwa" hakipigiki picha. "Anaigeuza picha ya ukutani uso ukutani" kinapigika. Acha maelekezo ya kamera, hayo ni ya hatua ya 7.

Urefu una hesabu yake. Kwa kanuni za Oscar, filamu fupi ni isiyozidi dakika 40 pamoja na majina ya mwisho. Shindano la filamu fupi la Cannes linakomea dakika 15. Lakini anayepanga ratiba ya tamasha hukusanya filamu fupi kadhaa kwenye onyesho moja, na yenye dakika 8 anaipatia nafasi kwa urahisi kuliko yenye dakika 25. Ya dakika 25 lazima iwe nzuri kuzidi tatu atakazoziacha ili hiyo iingie.

3. Isomwe kwa sauti, nawe ukae kimya. Ita watu wa kusoma sehemu za wahusika, mwingine asome maelezo, wewe ushike saa na kalamu. Usifafanue chochote. Panapowatatiza ulimi, weka alama. Panapokufanya utamani kusema "hapa maana yake ni...", weka alama mbili. Baadaye usiulize kama wamependa. Watu wana adabu, watasema ndiyo. Waombe wakusimulie hadithi upya. Wakiruka jambo uliloliona la msingi, basi halimo kwenye karatasi, limo kichwani mwako tu. Uache muswada wiki moja, urudi ukate. Mara nyingi ukurasa wa kwanza mzima unaweza kuondoka, kwa kuwa hapo mwandishi alikuwa bado anajipasha moto.

4. Maliza karatasi za haki kabla ya kupiga. Kama mmeandika wawili, andikeni nani anamiliki nini. Kama hadithi imetoka kwenye kitabu cha mtu, pata ruhusa ya maandishi kwanza. Kila mwigizaji na kila mwenye eneo asaini kabla ya shoti ya kwanza. Ukimfuata baada ya miezi sita ukiwa na habari ya tamasha, bei imebadilika. Muziki una haki mbili zinazotembea pamoja: ya utunzi na ya rekodi yenyewe. Ukipata moja bila nyingine, hujapata kitu. Rahisi zaidi ni kumpa mtunzi kazi ya muziki mpya, kwa mkataba wa ukurasa mmoja.

5. Uvunjevunje muswada. Gawa kila ukurasa sehemu nane kwa mistari ya penseli, kisha hesabu kila sini ina sehemu ngapi. Ndivyo watengenezaji wanavyopima, kwa sababu sini nyingi hazifiki ukurasa. Kwa kila sini orodhesha waigizaji, maleba, vifaa vya kuigizia, sauti na mwanga. Kikosi kidogo humaliza kurasa 3 hadi 5 kwa siku. Muswada wa kurasa 8 ni siku mbili nzima, tatu ukitaka kulala.

Panga ratiba kwa eneo, si kwa mfuatano wa hadithi. Sini za nje zitangulie, ili hali ya hewa ikiharibika ubaki na za ndani za kukimbilia. Sini nzito kuliko zote isiwe asubuhi ya kwanza, watu hawajazoeana. Siku isizidi saa 12, na kati ya kumaliza na kuanza tena kuwe na mapumziko ya saa 10 angalau.

Kwenye bajeti weka asilimia 10 ya dharura. Kisha tenga, mbali kabisa, fungu la uhariri wa sauti, rangi na ada za matamasha. Kosa linaloua filamu nyingi changa ni hili: fedha zote zimeishia uwanjani, na faili zimelala kwenye diski mwaka mzima.

6. Chagua waigizaji kwa kuwabadilisha. Kwenye usaili mwache asome anavyotaka. Kisha mpe maelekezo tofauti kabisa: "Sasa sema maneno hayohayo, lakini unataka huyu mtu abaki." Unatafuta anayebadilika. Aliyesoma vizuri sana mara ya kwanza, akarudia vilevile mara ya pili, atakusumbua. Mazoezi hayana gharama ya vifaa, kwa hiyo yawe mengi. Christopher Nolan alipiga filamu yake ndefu ya kwanza, iliyotoka mwaka 1998, mwishoni mwa wiki kwa karibu mwaka mzima, kwa vile watu wake walikuwa na ajira zao. Walifanya mazoezi mengi ili teki (mara za kupiga shoti ileile) moja au mbili zitoshe, maana walitumia filamu ya ukanda na kila mita ililipiwa. Kadi ya kumbukumbu haina gharama hiyo, lakini saa za watu bado zinayo.

7. Tembelea eneo, kisha andika orodha ya shoti. Nenda saa ileile utakayopiga. Tazama jua linaingilia wapi. Kisha funga macho dakika mbili usikilize: jokofu, jenereta, barabara, shule inayotoka saa nane. Angalia soketi zilipo na vyoo.

Halafu hesabu. Kila mpangilio mpya wa kamera huchukua dakika 30 hadi 45 pamoja na teki zake. Siku ya saa 10 yenye saa moja ya kula inakupa mipangilio 12 hadi 18. Orodha yako ikiwa na 28, hiyo ndiyo "hapana" ya bure uliyokuwa unaitafuta. Weka nyota kwenye shoti ambazo bila hizo hadithi haieleweki, na hizo zipigwe kwanza. Kwa mazungumzo ya watu wawili, chora mstari wa kufikirika kati yao na kamera ibaki upande mmoja. Ukiuvuka bila sababu, kila mmoja ataonekana anamtazama mtu mwingine.

8. Siku ya kupiga, fuata mpangilio. Kwanza waigizaji watembee sini bila kamera. Pili mpiga picha apange taa, waigizaji wakiwa kwenye vipodozi. Tatu zoezi moja kamili. Ndipo mpige. Ukianza na taa kabla ya kujua mwigizaji atasimama wapi, utazipanga mara mbili.

Mipangilio ya kamera: fremu 24 au 25 kwa sekunde, usichanganye, shata 1/50 ya sekunde. Ikiwa umeme wa eneo ni wa hezi 60, tumia 1/60 ili taa zisimemete. Mizani ya weupe iwe ya kudumu, si otomatiki. Nje kwenye jua kali usipandishe shata ili kupunguza mwanga, tumia kichujio cha ND (kioo cheusi cha mbele ya lenzi kinachopunguza mwanga); shata ya juu hufanya mwendo uonekane wa kukatakata.

Sauti: 48 kHz, biti 24, mazungumzo yapande mpaka karibu desibeli hasi 12 na yasiguse sifuri. Mtu wa sauti asivue hedifoni. Zimeni jokofu, na dereva aweke funguo za gari humo ndani. Si utani: hakuna atakayeondoka bila kukumbuka kuliwasha tena. Kabla ya kuhama eneo, watu wote wanyamaze na mrekodi ukimya wa chumba kwa sekunde 60. Mhariri atautumia kuziba mapengo.

Mwigizaji mpe kitendo, si hisia. "Kuwa na huzuni zaidi" humfanya akunje uso. "Mzuie asifike mlangoni" humpa kazi ya kufanya. Jambo moja kwa kila teki, mawili yanachanganya. Usikimbilie kusema "kata": acha sekunde tano mwishoni, humo hutokea vitu ambavyo hakuna aliyeviandika.

Na mwandishi aliye ndani yako abaki nyumbani. Uwanjani ruhusa aliyonayo ni ya kufuta, si ya kuongeza.

9. Hifadhi kabla ya kulala. Nakala tatu, kwenye aina mbili za hifadhi, moja ilale nyumba nyingine. Kamera inayorekodi kwa megabiti 100 kwa sekunde inajaza gigabaiti 45 kwa saa, hivyo piga hesabu ya diski mapema. Usifute kadi mpaka nakala mbili zimefunguliwa na kutazamwa. Jina la faili kuonekana kwenye diski hakumaanishi kwamba faili limefika zima.

10. Hariri kwa mpangilio usiorudi nyuma. DaVinci Resolve, programu ya uhariri, ina toleo la bure linalotosha kwa picha, sauti na rangi. Kompyuta ikiwa nzito, tengeneza nakala nyepesi za faili ufanyie kazi hizo. Unganisha kila kitu kama kilivyoandikwa, tazama mara moja, kisha anza kukata. Mfuatano ni: picha ifungwe (mkato usibadilishwe tena), sauti, rangi, majina. Kuifungua picha baada ya sauti kuanza ni kumlipa mtu wa sauti mara mbili.

Ukiweza, mhariri awe mtu mwingine. Yeye hajui shoti ipi ilichukua saa tatu jua likizama, kwa hiyo ataitupa bila uchungu. Ukihariri mwenyewe, onyesha watu watano wasiokufahamu, ukae pembeni uwaangalie wao, si skrini. Wanaposhika simu, andika dakika na sekunde. Majina ya mwanzo yasizidi sekunde 15; waamuzi wa matamasha hutazama filamu nyingi kwa siku, na dakika ya nembo na jua linalochomoza haikusaidii.

11. Andaa kifurushi. Faili kuu la ubora wa juu (aina ya faili iitwayo ProRes 422 HQ ni salama), nakala ya kutazamia mtandaoni yenye nenosiri, na nakala isiyo na maandishi yoyote kwa ajili ya lugha nyingine. DCP, faili la kumbi za sinema, subiri mpaka tamasha liiombe. Tafsiri ya chini isizidi mistari miwili, kila mstari herufi 42 hivi, na ikae skrini sekunde moja angalau. Itafsiriwe na mtu, kisha isomwe na mwenye lugha hiyo. Ongeza picha tano za mnato zilizopigwa uwanjani kwa kamera ya picha (fremu iliyokatwa kwenye video huwa na ukungu), bango, muhtasari wa sentensi moja na mwingine wa maneno 75, na wasifu wako mfupi.

12. Peleka kwa ngazi. Chagua matamasha 20 ya ngazi tatu: makubwa manne, ya kati manane, na manane yanayopenda aina ya filamu yako. Soma kanuni za kila moja, hasa kuhusu onyesho la kwanza. Mengine hayapokei filamu iliyokwisha kuonyeshwa popote au iliyowekwa wazi mtandaoni, kwa hiyo usiipakie hadharani mpaka mzunguko uishe. Anza na makubwa, subiri jibu, ndipo ushuke. FilmFreeway, tovuti ya kutuma filamu kwa matamasha, hurahisisha kutuma, na kwa sababu hiyohiyo hurahisisha kumaliza fedha usiku mmoja. Ada za mwanzo wa msimu ni ndogo kuliko za dakika za mwisho. Jihadhari na "matamasha" yanayotoa tuzo kila mwezi, kwa kila aliyelipa, bila ukumbi wala watazamaji.

Tenga miezi 12 hadi 18 ya mzunguko huo, na uitumie kuandika filamu ndefu. Ukichaguliwa na mtu mwenye fedha akakufuata baada ya onyesho, swali lake la kwanza ni "unafanya nini sasa?" Jibu linalofaa ni muswada uliokamilika, sentensi moja ya kuueleza, na bajeti iliyokadiriwa.

Mambo yakienda mrama

*Midomo na sauti vinaachana taratibu.* Simu nyingi hurekodi kwa idadi ya fremu inayobadilikabadilika. Geuza faili liwe la fremu za kudumu kabla ya kuliingiza kwenye uhariri.

*Sauti ina mvumo wa upepo.* Maiki haikuvishwa manyoya. Kichujio cha kukata sauti za chini ya hezi 80 hupunguza, hakiondoi. Ikibidi, mwigizaji arekodi maneno upya ndani ya gari lililofungwa au kabati la nguo.

*Shoti mbili hazishikani.* Weka kati yake shoti ya karibu ya mkono, saa, mlango. Ndiyo maana kila sini ipigiwe shoti mbili tatu za vitu kabla ya kuhama.

*Saa sita mchana na umekamilisha robo ya orodha.* Usiongeze kasi kwa kila kitu. Ita mwongozaji msaidizi, futeni zisizo na nyota, unganisheni mazungumzo kwenye shoti moja pana yenye mwendo wa waigizaji. Ikishindikana, tafuta sini nzima ya kuondoa badala ya kuharibu tano.

*Mwigizaji mkuu amejitoa siku mbili kabla.* Kama una aliyeshika nafasi ya pili kwenye usaili na uliyeendelea kuwasiliana naye, mpigie leo. Kama huna, ahirisha. Kuahirisha kunauma wiki mbili, mwigizaji asiyefaa anabaki kwenye filamu daima.

*Mkato wa kwanza unachosha.* Huwa hivyo karibu kila mara. Ingia kila sini ikiwa imeshaanza, toka kabla haijaisha, na jaribu kuondoa mstari wa mwisho wa kila mazungumzo.

*Matamasha kumi yamekataa.* Tazama mambo matatu kabla ya kulipa ada ya kumi na moja: urefu, dakika mbili za kwanza, na sauti kwenye spika za kawaida. Kama filamu ni ya dakika 19, mpe mhariri asiyeijua aikate ifike 12. Matamasha yaliyokwisha kukataa usiyarudie na toleo jipya, isipokuwa kanuni zao zinaruhusu. Nenda kwa yaliyobaki kwenye orodha.